Felisiani, Mgomba Wake na Yule wa Chini

Nyinyi mnaokuja kukaa barazani kwangu nikishona, kila mmoja ameniuliza kwa wakati wake, na kila mmoja nimemjibu nusu. Siwezi kukanyaga cherehani na kusimulia jambo la maana kwa pamoja. Sindano imeshanipita kidoleni kwa ajili ya maswali yenu. Mnachotaka kujua ni kimoja: je, Ma Koletha alimwona mwanawe? Nimeandika yote hapa. Someni, kisha mniache nishone.

Kashai

Kwa wale waliohamia juzi hapa Kashai, mjini Bukoba, na kumwona Felisiani tu akinywa uji mlangoni pangu: yule ni mnywani wangu. Tulipokuwa vijana tulipasua tunda moja la kahawa, tukachanjwa kidogo karibu na kitovu, na kila mmoja akatafuna punje yenye damu ya mwenzake. Mimi Mlutheri, yeye Mkatoliki. Makanisa yote mawili yalitukasirikia, na hilo ndilo jambo pekee ambalo nimewahi kuyaona yakikubaliana.

Vita vya Waingereza na Wajapani vilipokuja akapelekwa Bama, ng'ambo ya bahari. Baadaye askari mmoja aliyetangulia kurudi akasema amemwona kwa macho yake akianguka na kusombwa na mto. Mama yake, Ma Koletha wa Kagoma, alilia mpaka sauti ikakauka. Maiti hakuna, lakini katika ukoo wao mtu haachwi bila kaburi. Huchukuliwa mgomba, ukavikwa nguo ya gome la mti, ukazikwa kibanjani, kwenye shamba la migomba la nyumbani, kama mtu. Mimi ndiye niliyepewa kuulaza shimoni. Wazee walitaka kipande cha kigogo tu, nami nikakataa katakata. Nikasema mtu hazikwi bila miguu, tuung'oe mzima pamoja na shina lake. Msiba una ubishi wake. Wakaniachia.

Basi vita vikaisha, watu wakasahau, hata siku moja nikiwa nashona gauni la mke wa karani mtu akasimama mlangoni akasema, "Waitu, ndugu yangu, hujambo?" Nikatazama, ni Felisiani, nikaingia chini ya meza ya cherehani. Msicheke. Nyinyi mngekimbilia ziwani.

Mto ulikuwa umemtapika upande wa pili. Alilala hospitali za mbali muda mrefu, kifua kikiwa kibovu na mkono wa kushoto umekauka. Nilimpa uji, nikampa mkeka, nikamwambia kesho tunakwenda kwa mama. Akakataa. Kwao wanasema aliyekwisha kuliliwa matanga akivuka kizingiti cha mama yake, mmoja kati yao lazima aondoke. Nilimshambulia. Nikamuuliza mtu aliyesoma misheni, aliyevuka bahari, anaaminije maneno hayo.

"Mimi siamini," akasema. "Lakini mama ninaye mmoja tu. Siwezi kumfanyia majaribio."

Masika yote akakaa hivyo, akinisaidia kukata nyuzi kwa mkono mmoja. Kisha akaja mnunuzi wa kahawa kutoka Kagoma, akasema kwenye maongezi tu kwamba macho ya Ma Koletha yanakwisha, siku hizi anamsalimu mbuzi akidhani ni jirani. Tulicheka. Felisiani hakucheka. Jioni ile alilikunja blanketi lake akasema anataka mama amwone kabla macho hayajazimika, hata kama ni kwa kusimama mpakani mwa kibanja.

Juu ya lori

Tulivyopata nafasi sitasema, tulipata. Lilikuwa lori la Mhindi mmoja, likienda kuchukua kahawa njia ya Biharamulo, nasi abiria tulikaa juu ya magunia matupu. Dereva akaniuliza tunafuata nini Muleba, tulikotaka kushukia ili twende Kagoma. Mdomo wangu mnaujua. Nikamwambia nampeleka maiti kwao.

Nilitania. Lakini mama mmoja mwenye makapu ya samaki wakavu, Ma Verediana, akayavuta makapu yake upande wa pili. Mzee aliyekuwa karibu nami akafanya ishara ya msalaba. Kabla hatujapanda kilima cha kwanza dereva akasimamisha gari, akaja nyuma, akataka kujua maiti iko chini ya gunia lipi, maana tajiri wake hataki mambo hayo. Tukageuza magunia yote. Felisiani akangoja mpaka gunia la mwisho, ndipo akanyoosha mkono wake mzima akasema, "Ni mimi, waitu."

Ikabidi nieleze habari yote, vita, mto na mgomba. Nilidhani watacheka. Badala yake wakajivuta taratibu, na nafasi ikapanuka pande zote za Felisiani kama anavyoachiwa mwenye upele. Hasira ilinipanda, na niliyemkasirikia zaidi ni mimi mwenyewe. Felisiani alinigonga goti akasema nisijali, huko alikotoka alikuwa hapati usingizi kwa kubanwa, na hii ni mara ya kwanza kupata nafasi ya kunyoosha miguu.

Tulipopita Kemondo mvua ikashuka, lori likazama matopeni, na katika kulisukuma springi ikakatika. Dereva akarudi mjini kwa miguu kutafuta nyingine. Tukabaki chini ya turubai siku ile na ile iliyofuata. Mimi na kusubiri hatuelewani, nanyi mnajua. Nilihesabu makosa ya Mhindi, ya dereva na ya mvua, mpaka yule mzee akaniomba nipumzike. Lakini njaa hufanya watu ndugu. Ndizi mbivu za mzee zikazunguka, samaki wa Ma Verediana wakafuata, na mtu hawezi kula kutoka kapu moja na mwenzake huku amemkimbia. Mwishowe Ma Verediana akauliza alichokuwa amekizuia tangu Bukoba: huko mtu anakoenda akifa, kukoje?

Felisiani akasema hakufa, kwa hiyo hajui. Ila anaijua dunia moja nyingine, mbali kupita nyota ile inayoonekana juu ya ziwa alfajiri. Akawasimulia habari za Yule wa Chini.

Dunia ile, alisema, haina watu wala ng'ombe wala mti. Juu yake ni vumbi na upepo tu. Lakini chini ya ardhi anaishi mmoja, peke yake, mkubwa kuliko nchi yoyote, na huyo ni uyoga. Si uyoga wa kwenye kichuguu, unaochuma jioni moja ukaisha. Mwili wake ni nyuzi nyeupe, nyembamba kuliko uzi wa Zakaria, yaani mimi, wa kushonea vifungo, zimeenea chini ya dunia nzima. Ukimgusa mahali kama Bukoba, anasikia na mahali kama Biharamulo, kwa sababu ni yeye yuleyule. Hana macho wala mdomo. Hawindi, hafukuzi kitu. Kazi yake ni kusubiri na kupokea. Jiwe likianguka kutoka mbinguni, yeye hulizungushia nyuzi polepole mpaka lipate joto. Na mara chache, akijisikia vizuri, hutoa kofia moja juu ya ardhi, pana kama kilima, ikaota mwanga wa nyota siku kadhaa, kisha ikarudi chini.

Mzee akauliza kitu hicho Mungu alikiumba siku gani. Felisiani akasema siku ya tatu, pamoja na majani, ila alikiweka mbali kisikanyagwe. Mzee akaridhika.

"Analiwa?" akauliza Ma Verediana.

Felisiani akamwambia huko hakuna wa kumla. Ma Verediana akasikitika, akasema uyoga mkubwa hivyo na karanga, ungelisha Bukoba nzima. Lakini tayari alikuwa amesogea. Springi ilipofika alikuwa amelala, kichwa chake begani kwa Felisiani, na tuliposhuka Muleba alimfungia samaki wawili kwenye jani la mgomba ampelekee mama yake.

Muleba

Tulifikia kwa Ma Anastela, shangazi wa mke wangu, nyumba iliyo nyuma ya soko. Alikuwa ametandika nyasi mpya sakafuni, na harufu yake ilinifanya nisahau lori lote. Akatupikia ebitoke, ndizi zetu za kupika, na maharage, na samaki wetu wawili wakaponea chupuchupu. Kisha akaleta kikapu kidogo cha kahawa ya kutafuna, kama inavyompasa mwenye nyumba.

Mimi nikachukua. Felisiani akaweka mkono wake mapajani.

Mnajua maana yake. Kukataa kahawa ya mtu ni kama kumwambia umekuja na kisu. Uso wa Ma Anastela ukabadilika. Mimi nikaanza kueleza mambo ya kifua, nikajikanyaga, mpaka Felisiani akasema ukweli: yeye ameshazikwa, na hajui kama inafaa atafune pamoja na walio hai nyumbani mwa mtu. Asingependa kumletea balaa mama aliyemtandikia nyasi.

Ma Anastela akachukua punje moja, akapiga magoti mbele yake na kumtia mdomoni kwa mkono wake, kama anavyolishwa mtoto.

"Tafuna," akasema. "Kwangu hukuzikwa."

Felisiani akatafuna huku machozi yakimtiririka, nami nikajifanya natafuta kitu kwenye nyasi.

Ili apate sauti tena nilimwomba asimulie Yule wa Chini. Ma Anastela alisikiliza mpaka mwisho, mikono kifuani, hakuuliza kama analiwa wala aliumbwa lini. Aliuliza, "Ana mama?" Felisiani akasema hilo bado hajalijua. Nilimjua mtu huyu tangu tunachunga mbuzi, na sikuwahi kumwona akikosa jibu la hadithi yake mwenyewe.

Usiku ule homa ya kifua ikampanda. Tukakwama. Kila siku nilikwenda sokoni nikarudi, na siku moja mwuza chumvi kutoka Kagoma akaniambia Ma Koletha sasa anatembea ameshika ukuta. Niliingia ndani nikitaka kumbeba Felisiani hivyo hivyo alivyo. Ma Anastela akasimama mlangoni na mwiko, akaniuliza kama nataka kumfikishia mama yule maiti ya pili. Nikakaa. Nilimkasirikia, na alikuwa na haki.

Kwa miguu

Alipoweza kusimama tukaondoka. Kutoka Muleba kwenda Kagoma mtu mwenye afya hatafuti hata fimbo, lakini sisi tulipumzika kila palipokuwa na kivuli cha mgomba. Nilibeba mizigo yote na kulalamika kwa niaba ya wote wawili. Watu wa njiani walituita tuingie, tukanywa togwa, tukapewa maparachichi. Kila tulipoketi niliogopa kwamba jua la mwisho la macho ya Ma Koletha linazama huku sisi tunaagana na wenyeji.

Penye kijito tulinawa miguu, ndipo akaniambia jambo ambalo hakuwahi kunieleza Kashai. Kule Bama kitanda chake hospitalini kilipakana na cha kijana wa Songea aliyepigwa risasi tumboni. Kijana yule hakuogopa kufa. Aliogopa kuzikwa. Alilia kwamba udongo ule haumjui, hauna hata mtu mmoja wa kwao ndani yake, atakaa humo peke yake. Maneno ya padri hayakumtuliza. Basi Felisiani, kwa kukosa la kumwambia, akamtungia dunia ambayo chini yake yuko mmoja anayepokea kila kinachowekwa, hata kiwe kigeni namna gani. Akamsimulia kila siku, akiongeza hiki na kile. Kijana alikufa akiwa ameuliza kama nyuzi zile zina joto.

"Nilimwambia zina joto," akasema Felisiani. "Zakaria, nilitunga tu. Sijui kama nilimdanganya au la."

Nilimwambia avae viatu, jua linakwenda.

Tulipopanda kilima akasema amepata jibu la Ma Anastela. Yule wa Chini hana mama. Ndiyo sababu anashika kila kinachoanguka, kwa kuwa anajua ilivyo kutoshikwa.

Kagoma, penye mgomba

Wa kwanza kutuona alikuwa Ta Rwegasira, baba mdogo wa Felisiani, akipogoa migomba mpakani. Panga likamwanguka. Alimtazama mwanawe kwa muda, akalia waziwazi bila kujifuta, kisha akaokota fimbo yake akailaza njiani mbele yetu. Akaomba tusimchukie. Alisema mlango hauwezi kuvukwa kaburi likiwa bado limefungwa. Lifunguliwe kwanza, kilichozikwa kitolewe kitupwe mbali, ndipo mtoto aingie kwa mlango wa nyuma kama aliyezaliwa leo. Yeye angefanya hata sasa hivi. Shida ni Ma Koletha.

Ule mgomba nilioulaza na miguu yake ulikuwa umechipua.

Nilitazama aliponionyesha. Karibu na mikahawa, pale tulipolilia, palikuwa na kundi zima la migomba, minene, majani safi, chini pamefagiliwa. Ta Rwegasira akasema shemeji yake huketi pale kila jioni akiuhadithia habari za siku. Hakuna anayeruhusiwa kuukata hata jani. Akatuma mtu ndani amwambie Ma Koletha kwamba Felisiani amerudi, yuko mpakani. Jibu likaja upesi: mwanangu yuko kwenye mikahawa, jana nimeongea naye.

Felisiani alisikia. Safari yote, nyinyi, kwa ajili ya macho yale, na sasa mama hataki hata kuyaelekeza upande wetu. Alikaa chini kwenye majani makavu.

Aliposikia tunataka kuchimba, ndipo Ma Koletha akatoka. Alikuja akishika mkahawa mmoja baada ya mwingine, mdogo kuliko nilivyomkumbuka, akasimama kati yetu na migomba yake. Felisiani akamwamkia kutoka pale alipokaa, hakusogea hata hatua.

"Sauti naijua," akasema Ma Koletha. "Lakini niliambiwa nikulilie nikuache, nikalia, nikakuacha. Wakanipa huyu. Nimempalilia, nimemwekea samadi, ameniitikia kwa majani. Leo mnataka nimtupe naye? Nimeishiwa. Sina machozi ya kuzika mara mbili."

Ta Rwegasira akafungua mdomo, nikamshika mkono. Felisiani naye, badala ya kubishana, akaanza kumsimulia mama yake Yule wa Chini. Alisimulia kwa Kihaya, polepole, akikohoa, na habari ya kijana wa Songea ndani yake. Ma Koletha alisimama akisikiliza, kichwa ameinamisha.

"Huyo hana mama," akamaliza Felisiani. "Akipewa kitu hakiulizi jina, anakishika tu. Nawe ulipewa mgomba ukaushika. Mimi sitaki utupwe. Nataka uhame tu, kama mtu anavyohama."

"Uhamie wapi?"

"Mlangoni pako, usitembee mbali jioni."

Ma Koletha hakusema ndiyo. Alisogea upande hatua moja, nasi tukachukua jembe.

Mimi nililima pembeni, Felisiani akachimbua kwa vidole vya mkono wake mzima. Tulitoa machipukizi kwanza, moja moja, tukayalaza kwenye kivuli. Chini zaidi tukakuta nguo ya gome, nyeusi, imelegea kama majani ya chai. Ndani yake mgomba nilioulaza haukuwepo. Mahali pake, umbo lilelile, urefu uleule, palikuwa na nyuzi nyeupe. Zilikuwa nyembamba kuliko uzi wangu wa vifungo. Zilizunguka mizizi ya machipukizi, zikashika udongo, zikapita chini ya mikahawa na kuendelea tusikokuona. Naam, najua ni ukungu. Kila anayelima anaufahamu. Lakini niliweka jembe chini.

Felisiani alirudi nyuma akakaa. "Nilimtunga kwa mdomo wangu mwenyewe," akasema.

Mama akauliza tumeona nini. Felisiani akamshika mkono, kwa mara ya kwanza tangu vita, akaushusha taratibu shimoni mpaka vidole vikagusa. Ma Koletha akapapasa nyuzi zile kwa muda mrefu.

"Zina joto," akasema. "Ndiye aliyekuwa akinishikia wewe?"

"Ndiye, Mama."

Mkono wake ukaachana na nyuzi ukashika vidole vya mwanawe, vyenye udongo, ukapanda mpaka begani, ukashuka kwenye ule mkono uliokauka, ukasimama hapo, ukapanda tena mpaka masikioni na kwenye kovu la utotoni juu ya jicho. Mmeniuliza kama alimwona. Kwa macho, hapana. Alisema anaona kivuli tu na jua nyuma yake. Tulichelewa, na siku zile za matope sitazisamehe. Lakini aliporudia lile kovu kwa kidole gumba, aliita jina lake, lile la Kihaya, la nyumbani.

Kisha akamuuliza kama maneno yote aliyoyasema pale jioni zote zile yalimfikia. Ilikuwa rahisi kusema ndiyo.

"Mengi yalipotea njiani, Mama," akasema Felisiani. "Njia ilikuwa ndefu. Niambie tena tangu mwanzo."

Ma Koletha akaketi ukingoni mwa kaburi, akajifunga kanga yake vizuri. Mimi na Ta Rwegasira tukabeba machipukizi kwenda kuyapanda mlangoni, na nyuma yetu nikamsikia akianza jioni ya kwanza: kwamba yule mbuzi mwenye pembe moja amezaa mapacha. Felisiani akauliza mapacha wenyewe ni wa rangi gani.